Safari fupi ya milima na visiwa vya Kivu: kiongozi ana kazi gani?

Wengi wetu tumezaliwa kando ya Ziwa Kivu, tumeoga ndani yake, tumekula sambaza yake, lakini hatujawahi kulitembelea. Tunalivuka tu. Tunalivuka na magunia ya maharagi, na mugonjwa anayepelekwa hospitali, na mutoto anayerudi masomoni. Kutembelea ni kitu kingine: mutu anatoka kwake asubuhi ili aone, aulize, aelewe, kisha arudi nyumbani. Wageni wa mbali njo walikuwa wanafanya hivyo, na sisi tulikuwa tunawatazama wakipita na mifuko yao mugongoni.

Safari hizi fupi, za siku moja, mbili au tatu, zilikuwa zinalisha familia huku Kivu mbele vita izifunge. Na siku njia zitafunguka, ni kazi inayoweza kuanza tena bila kungoja kiwanda wala mashini kubwa. Njo maana tunaeleza hapa safari ya namna hii inatengenezwa namna gani, inaonyesha nini, hatari zake ni zipi, na feza inaenda wapi. Zaidi ya yote tutazungumza juu ya mutu ambaye tunamusahau kila mara: kiongozi wa safari, yule tunaita gide.

Milima na visiwa vilitoka wapi

Mutalii akifika, ulizo lake la kwanza ni lile lile: hii nchi imekuwa hivi namna gani? Kiongozi asiyeweza kujibu hapo ameshaanza vibaya. Jibu lenyewe si gumu.

Kivu iko ndani ya bonde kubwa la ufa, tawi la magaribi. Udongo ulipasuka na kushuka katikati, pembeni ikabaki milima mirefu. Zamani sana, maji ya huku yalikuwa yanateremka kaskazini, upande wa ziwa Edouard. Kisha volkano za Virunga zikatoka chini na kujenga ukuta. Maji yakakosa njia, yakapanda, yakajaza mabonde, hadi yakapata mulango mupya kusini. Mulango huo ni muto Ruzizi, unaopeleka maji Tanganyika hadi leo.

Ukielewa hilo, umeelewa visiwa vingi. Vile tunaona juu ya maji ni vichwa vya vilima vilivyozama. Zile rasi za Bukavu zinazoingia ndani ya ziwa sawa vidole vya mukono, nazo ni migongo ya vilima. Kuna kisiwa kingine cha namna tofauti, Tchegera, karibu na Goma: hicho ni mudomo wa volkano ya zamani uliobaki juu ya maji, na umbo lake ni la mwezi muchanga.

Ziwa lenyewe liko juu, karibu mita 1,460 kupita bahari. Njo maana usiku wa Kivu ni wa baridi hata kama tuko karibu na ikweta. Mulima Kahuzi una mita 3,308, na Nyiragongo una mita 3,470. Kwa hiyo mutu anayetoka kando ya maji asubuhi na kupanda Kahuzi amepanda zaidi ya mita 1,800 kwa siku moja. Kifua kinajua, na magoti yanajua.

Rangi ya nchi pia inabadilika. Kaskazini, upande wa Goma, udongo ni mweusi, na majiwe ni lava: ile ya Januari 2002 ilipita katikati ya muji hadi ndani ya ziwa, na ile ya tarehe 22 Mei 2021 ilisimama karibu na muji. Kusini, upande wa Kabare na Kalehe, udongo ni mwekundu, vilima vimelimwa hadi juu, migomba na mashamba ya majani ya chai vinafuatana. Katika safari ya siku tatu, mugeni anaweza kuona sura hizo mbili, na visiwa katikati.

Siku ya kwanza: pori la Kahuzi-Biega

Tuchukue safari moja ya kawaida, ile iliyokuwa inatoka Bukavu. Siku ya kwanza ni ya mulima. Gari inafuata njia ya kaskazini hadi Miti, inakata kushoto, inaanza kupanda kuelekea Tshivanga, kwenye mulango wa Parke ya Taifa ya Kahuzi-Biega. Parke hiyo iliundwa mwaka 1970, na mwaka 1980 UNESCO iliiweka kwenye orodha ya mali za dunia nzima. Ina karibu kilometa za mraba 6,000, na Kahuzi na Biega ni volkano mbili zilizozimika zinazoipa jina.

Watu wanapanda huko juu ya gorila wa tambarare za mashariki, anayeishi mashariki mwa Congo tu na hapatikani katika inchi nyingine. Ni mukubwa kuliko aina zingine zote za gorila.

Mutalii anafikiri gorila anangoja pale. Kazi imeanza mbele yake. Wafuata nyayo, wale tunaita pisteri, wanatoka asubuhi mapema kwenda mahali familia ya gorila ililala jana. Gorila anatengeneza kitanda kipya cha majani kila jioni. Pisteri anakipata, anaangalia majani yaliyovunjika, mavi, alama za mikono, anafuata hadi kuona nyama wenyewe. Hapo anajulisha kiongozi kwa redio ndogo, na kiongozi anapeleka wageni kwa upanga katika miiba na mianzi. Wakati mwingine ni nusu saa, wakati mwingine ni masaa manne, na hakuna mutu anaweza kuahidi.

Kukiwa karibu, sheria ni ngumu. Saa moja tu na gorila. Mask kwenye pua na mudomo. Kusimama mbali, mita saba au zaidi. Mwenye kikohozi au homa haendi, hata kama alilipa. Sababu ni kwamba gorila anaambukizwa magonjwa yetu kirahisi, na mafua ya kawaida yanaweza kumuua. Kiongozi muzuri anamurudisha mutalii mugonjwa bila kuogopa hasira yake. Kiongozi mubaya anafunga macho juu ya feza ya zawadi.

Kuna jambo lingine ambalo safari ya Tshivanga haiwezi kupita kimya. Pori hilo lilikuwa nyumba ya Batwa. Parke ilipoundwa na kupanuliwa miaka ya 1970, walifukuzwa bila kupewa ardhi ingine, na wengi wanaishi hadi leo pembeni ya pori, kwenye mashamba ya wengine. Mwaka 2024, uamuzi wa Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na za Watu ulitangazwa: serikali ya Congo ilivunja haki za Batwa wa Kahuzi-Biega. Tume iliomba warudishiwe ardhi yao, walipwe, na waombwe musamaha. Batwa wengine wamefanya kazi ya pisteri, juu wanajua pori kuliko mutu yeyote. Kiongozi anayeeleza majina ya miti yote lakini hasemi majina ya miti hiyo yalitoka kwa nani, ameeleza nusu. Na kuwaita Batwa wacheze ngoma kando ya barabara ili wageni wapige picha, kisha kuwaachia furanga kidogo, ni aibu. Kama kuna ngoma, wenyewe njo waamue, wenyewe waseme bei, na feza iingie mikononi mwao.

Siku ya pili: maji

Siku ya pili ni ya ziwa, na hapa kiongozi anabeba uhai wa watu.

Tuanze na vizuri. Ziwa Kivu halina mamba wala kiboko. Asubuhi maji yanalala sawa kioo, na wavuvi wanarudi na mitumbwi yao mitatu iliyofungwa pamoja kwa miti mirefu, wakiimba ili mikono ipige kasia pamoja. Wanatoka kuvua sambaza usiku kwa mwanga wa taa. Watoto wengi wanafikiri sambaza ni ya huku tangu mwanzo. Hapana: ililetwa kutoka Tanganyika mwisho wa miaka ya 1950, ikazaa, ikawa chakula cha kila nyumba. Mugeni akila sambaza ya kukaanga na bugali, anakula historia hiyo.

Sasa hatari. Upepo wa ziwa unaamka muchana, na wakati wa kiangazi, kati ya mwezi wa sita na wa nane, upepo wa kusini unaweza kupandisha mawimbi makubwa. Njo maana kiongozi anayejua anatoka saa kumi na mbili au saa moja asubuhi, na hakubali kutoka saa tisa ya muchana kwa sababu mugeni alichelewa kulala. Anahesabu jile za kuokoa mbele ya kuhesabu watu. Jile iliyofungwa chini ya mizigo haina kazi. Inapashwa kuvaliwa, na kamba zake kufungwa, tangu bandarini.

Hatujasahau tarehe 3 Oktoba 2024. Boti iliyotoka Minova ilizama karibu na bandari ya Kituku, Goma, mbele ya macho ya watu waliokuwa wanangoja ndugu zao. Makumi walikufa. Boti ilikuwa imejaa kupita kiasi, na watu walikuwa wamepanda maji juu vita ilikata barabara. Ile haikuwa safari ya watalii. Lakini ziwa ni lile lile, na sheria ni ile ile: boti iliyojaa mutu hapandi, hata kama mwenye boti ni rafiki.

Hatari ingine haionekani. Chini ya Kivu, ziwa lenye kina kinachopita mita 470, kuna gazi nyingi sana, metani na gazi kaboniki, zilizobanwa na uzito wa maji. Kwa maisha ya kila siku gazi hiyo haimusumbui anayeoga wala anayepita na boti. Lakini wataalamu wanaichunga, juu mwaka 1986 ziwa Nyos la Cameroun lilitoa gazi kwa ghafula na watu karibu 1,700 wakafa katika usiku mumoja. Kinachoua watu na nyama huku kwetu mara kwa mara ni mazuku: gazi kaboniki inayotoka udongoni na kukaa kwenye mashimo na mabonde madogo, zaidi upande wa Goma na Sake. Haina rangi, ni nzito kuliko hewa, inakaa chini. Mutu mukubwa aliyesimama anaweza kupita bila kusikia kitu, na mutoto au mbwa akaanguka palepale. Mugeni hawezi kujua mahali pa mazuku. Mwenyeji anajua. Hapo peke yake, bei ya kiongozi imelipwa.

Siku ya tatu: Idjwi kwa miguu

Idjwi ni kisiwa kikubwa kuliko vyote vya Kivu, na katika Afrika ni cha pili kati ya visiwa vya maziwa, nyuma ya Ukerewe ya Tanzania. Ni wilaya nzima ya Kivu ya Kusini, yenye shefferi mbili: Rubenga kaskazini na Ntambuka kusini. Wakaaji wengi ni Bahavu, na kuna Bambuti pia, ambao wengi wao hawana ardhi.

Mutu anayekuja akitafuta hoteli kubwa na barabara ya lami atachoka haraka. Huku mutu anatembea kwa miguu au kwa moto. Njia zinapanda na kushuka kati ya migomba, kahawa, mananasi na maharagi. Kila kona inafungua ziwa kwa upande mwingine, mara Congo, mara Rwanda. Juu kabisa, milima ya kisiwa inapita mita 2,000.

Kitu cha kuona Idjwi ni namna watu wanaishi, na hapo kahawa inaeleza mengi. Kwa miaka mingi, mukulima wa huku hakuwa na soko zuri. Alipakia kahawa yake ndani ya mutumbwi usiku na kuvuka kwenda kuuza Rwanda kwa siri. Mawimbi yaliwachukua wengi, wakaacha wajane na yatima. Koperative za wakulima zilipoanza kujenga vituo vya kusafishia kahawa kando ya ziwa, upande wa Congo, mukulima alianza kuuza karibu na nyumba yake, na kahawa ya arabika ya Kivu ikajulikana inchi za mbali. Mutalii akisimama mbele ya meza ndefu za kukaushia, wamama wakichagua mbegu moja moja kwa mikono, anapashwa kujua kwamba kila gunia linalouzwa pale ni mutumbwi mumoja uliobaki kando ya maji usiku.

Historia nayo iko pale. Wazee wanakumbuka habari za mwami Kabego, na namna Rwabugiri, mwami wa Rwanda, alipigana ili akamate kisiwa katika karne ya 19. Mwaka 1910 Wazungu waligawa mipaka, Idjwi ikawa ya Wabeleji. Mwaka 1914, vita kubwa ya kwanza ilipoanza, Wajerumani walivuka kutoka upande wa Rwanda na kukikamata. Wabeleji walikirudisha mwaka 1916. Kisiwa kidogo, lakini wafalme na makoloni waliking'ang'ania. Na katika vita vyote vya miaka ya karibuni, Idjwi imejulikana sawa mahali pa utulivu, watu wakikimbilia huko kutoka pande zote. Utulivu huo una uzito wake: midomo mingi, ardhi ndogo.

Kiongozi akifika Idjwi, hafungui safari njiani. Anapita kwanza kwa wakubwa wa mahali, anajulisha wageni ni nani, wanatoka wapi, watalala wapi. Anawaeleza wageni kwamba picha inaombwa, haichukuliwi. Anawaambia wasitupie watoto bonbon, juu kesho watoto watakimbilia kila boti badala ya kwenda masomoni. Mambo hayo madogo njo yanafanya safari ya pili iwezekane.

Feza inaenda wapi

Wahenga wanasema: mugeni njoo, mwenyeji apone. Ulizo ni moja: je, mwenyeji anapona kweli?

Safari ya siku tatu inalipa watu wengi. Kuna permi ya parke. Kuna gari na mafuta. Kuna boti, dereva wake na musaidizi. Kuna pisteri, mubeba mizigo, motari, mama anayepika, mwenye nyumba ya kulala, na kiongozi mwenyewe. Kuna taksi za biro mbalimbali. Kama safari imepangwa na mutu wa mbali aliyekuja na gari lake, mupishi wake na maji yake ya chupa kutoka inchi ya jirani, kijiji kinapata vumbi tu. Kama imepangwa huku, kila jina katika orodha hiyo ni nyumba moja iliyokula.

Tuangalie jirani. Ng'ambo ya ziwa, Rwanda imefungua njia ya kutembea na kupanda baiskeli, kilometa 227 kutoka Rubavu hadi Rusizi, kando ya ziwa hili hili. Boti zinapeleka wageni kwenye visiwa vya karibu na Karongi. Gorila wa milima anaonwa kule kwa dola 1,500 tangu 2017. Virunga, parke ya zamani kuliko zote za Afrika, iliyoundwa 1925, ilikuwa inaomba dola 400. Milima yetu haikupungua uzuri. Tulikosa usalama, barabara, na ukweli wa bei.

Juu ya bei, kuna ugonjwa tunaujua wote. Mugeni anaambiwa bei moja Bukavu, bandarini anaambiwa ingine, kisiwani anadaiwa karatasi ambayo hakuna mutu alimuambia. Anarudi kwao na kueleza wengine kumi wasije. Kiongozi wa kweli anaandika yote kwenye karatasi mbele ya safari: hiki ni cha parke, hiki cha boti, hiki cha mupishi, hiki changu. Mugeni akiona kazi ya kila mutu, hasumbui.

Mambo ya kuuliza mbele ya kulipa

Siku utataka kutembea, ndugu musomaji, uwe mwenyeji au ndugu wa diaspora aliyerudi kuona nyumbani, uliza hivi:

Kwanza, njia ni salama leo? Uliza watu wawili ambao hawauzi safari: mutu anayeishi kule, na mutu aliyerudi jana. Habari ya wiki iliyopita imeshazeeka.

Pili, boti ina jile ngapi, na watu wangapi? Hesabu wewe mwenyewe. Kama jile ni pungufu, shuka.

Tatu, kiongozi ni wa wapi? Kama anaongoza Idjwi, je, anajua kuongea na wazee wa Idjwi kwa luga yao?

Ine, akitokea mugonjwa, tutafanya nini? Kiongozi anapashwa kujua kituo cha afya kilicho karibu, namna ya kufunga muguu uliovunjika, na nani ana boti ya haraka.

Tano, nani atalipwa nini? Asiyeweza kujibu anaficha kitu.

Na ubebe mwenyewe koti ya mvua, viatu vinavyoshika udongo, suruali ndefu juu ya miiba, kofia na maji. Huku jua na mvua vinaweza kukutana saa moja.

Vita na kazi iliyolala

Hatuwezi kueleza safari hizi sawa vile inchi iko shwari. Zaidi ya walinzi 200 wa parke ya Virunga wameuawa wakiwa kazini. Mwaka 2018, mulinzi mumoja aliuawa na watalii wawili wakatekwa, parke ikafunga mulango kwa wageni hadi mwanzo wa 2019. Mwaka 2020 ukaja ugonjwa wa korona. Kisha Januari 2025 Goma iliingia mikononi mwa M23, na Februari ya mwaka ule ule Bukavu. Kila mara mulango unapofungwa, tunasikia habari za wakubwa wa vita. Hatusikii habari za pisteri aliyerudi kukata makala katika pori alilokuwa analinda, wala za mama aliyekuwa anauzia wageni chakula.

Hiyo njo sehemu ngumu ya habari hii. Mutu anayekula kutokana na pori lililosimama atalilinda. Mutu huyo huyo, akikosa kazi na watoto wakilia njaa, atalikata. Pori likikatwa, udongo wa vilima unateremka na mvua, unajaza mito, unabomoa nyumba chini. Safari ndogo ya mutalii mumoja inaonekana kitu cha raha, lakini imefungwa kamba na udongo, maji na chakula chetu.

Kwa hiyo kijana anayetaka kazi hii asikae tu kungoja amani. Kuna mambo ya kujifunza sasa, na hayaombi feza nyingi. Ajue kuogelea na kufunga jile. Ajue musaada wa kwanza kwa mugonjwa. Ajifunze Kifaransa au Kiingereza cha kueleza kitu polepole. Akae na wazee wangali hai, aandike majina ya vilima na sababu ya majina hayo. Ajue ndege wa huku kwa sauti zao. Ajue nani ana shamba gani na njia gani ni ya watu wote. Zaidi, ajue kusema hapana: hapana kwa boti iliyojaa, hapana kwa mugeni mugonjwa anayetaka gorila, hapana kwa njia ambayo jana ilikuwa na masasi.

Na wale watakaotengeneza mipango ya utalii kesho, wakianza na hoteli kubwa na mabango, watakuwa wameanza mwisho. Waanze na muvuvi anayejua upepo, Mutwa anayejua pori, mama wa Idjwi anayejua kahawa. Wawape mafunzo, karatasi za kazi na bei ya haki. Hoteli inajengwa kwa miaka miwili. Mutu anayejua mahali pa mazuku, na saa gani ziwa linaamka, anatengenezwa kwa maisha mazima.